Tusiyachome Majabali ya Singida, Tupande Bustani Chini Yake

Kila mwaka ifikapo mwezi wa tisa, mtaani kwetu pembezoni mwa mji wa Singida, kunakucha na harufu ya moshi usiotoka jikoni. Ni moshi mzito wa magogo, na siku nyingine wa matairi chakavu, unaopanda kutoka kwenye kiwanja ambacho mwenyewe anajiandaa kujenga. Ukisogea unakuta moto umekokwa juu ya mgongo wa jabali. Mafundi huuacha uwake usiku kucha hadi jiwe liive. Alfajiri wengine hulimwagia maji, nalo hulia kwa kishindo na kupasuka. Hapo huingia mtaimbo, kisha nyundo kubwa, kisha nyundo ndogo. Wiki tatu baadaye, kilichokuwa jabali la kimo cha nyumba kimegeuka marundo ya kokoto kando ya barabara, na pale lilipokaa pamebaki kovu jeusi.

Pita hapo hapo baada ya mwaka mmoja. Nyumba imesimama, bati linang'aa, geti limepakwa rangi. Mbele ya baraza umetandikwa ukoka wa mapambo, na pembezoni mwake yamepangwa maua laini ambayo ukiyaona tu unajua yamezoea ukungu wa Lushoto. Mtoto wa nyumba hiyo, sare za shule bado mwilini, ameinama na ndoo anamwagilia. Mwezi wa kumi ukiingia ukoka una rangi ya makapi ya mtama, na mtoto bado anamwagilia.

Nimeyaona haya mara nyingi mno kuendelea kupita kimya. Tunavunja ghala la maji lililokuwapo kiwanjani kabla yetu, kisha tunapanda kitu kinachotudai kila siku maji tusiyokuwa nayo. Mkoa huu ulipaswa kuwa nyumbani kwa bustani za mawe: jabali likibaki mahali pake, changarawe ikitandazwa juu ya udongo, na kati yake ikapandwa mimea ya nyika inayojua kungoja mvua. Hilo ndilo ninalolitetea leo, na ninalitetea kwa sababu ya mgongo wa yule mtoto mwenye ndoo kabla ya uzuri wa macho.

Hesabu ya dumu

Tuanze na maji, maana huku kwetu kila mazungumzo huishia hapo. Singida ina msimu mmoja wa mvua. Huanza mwishoni mwa Novemba au Desemba, hukatika Aprili. Kwa mwaka mzima sehemu nyingi za mkoa hupata kati ya milimita 500 na 800. Baada ya hapo ni jua, vumbi na upepo, ule upepo wa Juni hadi Septemba unaofanya mabati yalie usiku na nguo zikauke kabla hujamaliza kuanika beseni la pili.

Sasa chukua ukoka wa mita kumi kwa kumi, ambao si mkubwa kwa watu waliojenga vizuri. Milimita moja ya maji juu ya mita moja ya mraba ni lita moja kamili. Jua na upepo wa mwezi wa tisa havishindwi kufyonza milimita tano kwa siku. Mita mia moja za mraba, mara lita tano, ni lita 500. Hayo ni madumu 25 ya lita 20, kwa siku moja, ili majani yabaki kijani. Toka Mei hadi katikati ya Novemba ni kama siku 200. Zidisha mwenyewe: madumu 5,000.

Nani anayabeba? Nani anayalipia? Maji ya mji huu hayatoki mtoni. Mamlaka yetu, SUWASA, huyavuta kutoka visima virefu kama vile vya Mwankoko, kwa umeme, na umeme una bei yake. Bomba likikauka ni zamu ya mkokoteni, na mwenye mkokoteni anakijua kiangazi kuliko mtabiri yeyote wa hali ya hewa. Nyumba isiyo na fedha ya mkokoteni humtuma mama au binti. Ndiyo maana nasema ukoka mbele ya baraza si jambo la mapambo tu. Ni saa ya binti ya kudurusu. Ni shilingi iliyokuwa ya daftari.

Kuna jingine ambalo wengi hawalioni hadi wamekwisha kupata hasara. Maji ya visima vingi vya hapa yana chumvi. Si ajabu, kwani tumekaa kati ya maziwa mawili ya magadi, Singidani na Kindai, ambako heroe hushuka kwa mamia wakati mwingine kutafuta chakula chao kwenye maji yasiyonyweka. Ukimwagilia kwa maji ya namna hiyo siku baada ya siku, maji hupaa na chumvi hubaki. Mwaka wa kwanza huoni kitu. Mwaka wa pili ncha za majani huungua. Wa tatu unaona utando mweupe juu ya udongo kama unga uliomwagika, na hapo hata mchicha hauoti. Bustani isiyohitaji kumwagiliwa haina pa kuipatia chumvi hiyo.

Inua jiwe mwezi wa kumi

Asiyeniamini nampa kazi moja ndogo. Ngoja mwezi wa kumi, wakati ambapo hata mbuzi wanatembea wakitafuta kivuli. Nenda nyuma ya nyumba, chagua jiwe lililolala ardhini miaka mingi, la ukubwa wa sufuria ya kupikia ubwabwa wa msiba. Liinue polepole kwa kijiti, usitangulize vidole, maana nge naye anajua pazuri.

Tazama kilicho chini. Udongo ni mweusi kidogo kuliko wa pembeni, umelegea, una ubaridi ukiugusa kwa kiganja. Kuna mizizi myembamba kama nywele iliyotoka mbali kuja kujilaza hapo. Kuna wadudu wadogo wa kijivu wanaojikunja wakiguswa, ambao kamwe huwakuti kwenye udongo mkavu. Sasa chokonoa kwa kijiti hicho hicho hatua moja pembeni, pale mnapofagia kila asubuhi. Kijiti kinavunjika.

Mvua iliyonyesha hapo ni moja. Jua ni moja. Kilichotofautiana ni jiwe.

Sababu zake hazihitaji shule kubwa. Jua halifiki chini ya jiwe, na upepo hauwezi kuulamba udongo uliofunikwa. Tone la mvua likianguka juu ya udongo mtupu hupiga kama nyundo, hupondaponda chembe na kuacha juu utando mgumu, hivyo mvua inayofuata huteleza na kukimbilia barabarani. Likianguka juu ya changarawe huvunjika nguvu, likapenya taratibu. Na maji yaliyokwisha kuingia hayapati njia ya kupanda tena, kwa kuwa kati ya kokoto na kokoto kuna hewa tupu.

Jabali kubwa hufanya zaidi. Lenyewe halinywi maji. Mgongo wa mita nne za mraba ukipokea milimita 600 kwa msimu ni lita 2,400, na sehemu kubwa yake humwagika miguuni pa jabali, juu ya mvua ya pale pale chini. Je, hujawahi kujiuliza kwa nini ukiwa safarini kutoka Manyoni kuja Singida mwezi wa tisa, miti pekee yenye majani mabichi ni ile iliyojibana kwenye nyufa za miamba? Mkuyu uliokumbatia jabali kwa mizizi yake haukukosa pa kuota. Umechagua.

Wengine waliliona hili zamani. Huko Engaruka, chini ya ukuta wa Bonde la Ufa, wakulima wa kati ya karne ya 15 na ya 18 walijenga kwa mawe makavu, bila tone la saruji, matuta na mifereji iliyotawala maji katika nchi kavu kuliko hii yetu. Mawe yao yamesimama hadi leo. Burkina Faso, katika eneo la Yatenga, wakulima tangu miaka ya 1980 wamepanga mistari ya mawe kufuata usawa wa mteremko, mawe ya kawaida yanayobebeka na mtu mmoja, na ardhi iliyokuwa ngumu kama sahani ikaanza kushika maji tena.

Na mfano wa bustani yenyewe ninaoupenda zaidi uko mbali, Essex, mashariki mwa Uingereza. Mtunza bustani Beth Chatto alikuwa na kiwanja cha kuegesha magari, udongo wake mchanga na kokoto, katika pembe ya nchi yao inayopata mvua ya takriban milimita 500 tu kwa mwaka. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 akakivunjavunja kile kigumu kilichoshindiliwa na magurudumu, akachanganya mboji, akapanda mimea ya nchi kavu, akaimwagilia ilipokuwa inapandwa, akafunika udongo kwa changarawe. Tangu hapo aliapa hatoimwagilia, na aliendelea hivyo hadi alipofariki mwaka 2018. Kweli, mvua yao hugawanyika mwaka mzima na yetu huja kwa mkupuo kisha ikatuaga miezi saba. Jua lao pia si letu. Lakini hiyo ndiyo sababu ya kutochukua mimea yake. Njia yake tunaweza kuichukua bila kubadili kitu.

Bibi alianika mtama wapi?

Husemwa kwamba bustani ya mawe ni mambo ya wazungu na mahoteli. Nauliza: bibi zetu walianika wapi mtama na uwele? Si juu ya mwamba tambarare, uliofagiwa ukawa safi kuliko jamvi? Walisagia wapi? Vijijini bado yapo mawe yenye mashimo yaliyolainishwa na viganja vya vizazi. Na ua wa boma ulikuwa nini kama si minyaa, mmea ambao ukikata kijiti ukakichomeka ardhini na kusahau, unakuta umeota? Mababu walijenga tembe zao wakayaacha majabali yalipo, wakapanda kinachoota, wakatumia maji kwa kunywa na kupikia.

Kisha tukaenda kuona miji mingine. Tukaona ukoka mbele ya nyumba za wakubwa, kwenye mikoa inayopata mvua mara mbili kwa mwaka, tukadhani ukoka ndio ustaarabu wenyewe. Usiache mbachao kwa msala upitao. Mwanza wameyaona majabali yao wakayageuza kitambulisho, hakuna picha ya jiji lile isiyo na jiwe la Bismarck likitoka majini. Sisi tunayo yanayofanana nayo, kandokando ya Singidani, yaliyopandana moja juu ya jingine kana kwamba mtu aliyapanga kwa mkono, na tunayatazama kwa jicho la bei ya kokoto kwa tripu.

Ofisi moja ya umma ambayo sitaitaja imepanda ukoka kulizunguka jengo lake. Nimeshuhudia kiangazi boza likiumwagilia saa nne asubuhi, jua likiwaka, wakati upande wa pili wa barabara kina mama wamepanga madumu matupu wakisubiri kioski kifunguliwe. Hakuna aliyesema neno. Wamezoea. Na mimi hilo la kuzoea ndilo lililoniuma.

Namna ya kuipanga

Sasa nisije nikaonekana nahubiri tu. Wenye kiwanja wataniuliza tunaanzaje, na nitajibu kwa yale niliyoyafanya uani kwangu kwa miaka kadhaa, mengine nikiwa nimekosea kwanza.

Wakati ni huu, Oktoba na Novemba, kabla mvua haijatua. Kwanza tazama maji ya paa lako yanakwenda wapi. Paa la mita 60 za mraba kwa msimu wa milimita 600 hudondosha lita 36,000. Mengi ya hayo huchimba msingi wa nyumba, hutoboa korongo katikati ya uwanja na kuondoka na udongo wote mzuri. Jirani zetu wa Kondoa walifika mahali ambapo serikali ilianzisha mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma, HADO, mwaka 1973, na mwaka 1979 mifugo ikaondolewa kabisa ili ardhi iliyokatwakatwa na makorongo ipone. Korongo la Kondoa lilianza kama mfereji mdogo kama ule ulio chini ya michirizi ya bati lako. Kwa hiyo kama una simtanki, jaza. Yanayozidi yaelekeze bustanini kwa mfereji mfupi uliojazwa mawe, ili yafike yakiwa yamepunguza mbio.

Pili, vunja ugumu wa uwanja. Uwanja uliofagiwa miaka kumi umeshindiliwa kama sakafu. Changarawe ikiwekwa juu yake bila kulima ni mapambo tu, maji hayaingii. Lima kina cha jembe, changanya samadi iliyooza, kisha uache ardhi iwe na vilima vya chini na mabonde ya chini. Inayochukia kulowa ikae kilimani, inayopenda kushiba ikae bondeni.

Kisha mawe, na hapa naomba subira ya msomaji, maana hapa ndipo bustani nyingi huharibika. Jabali lililopo liache. Usilisogeze, usilipake chokaa. Mawe ya kuongeza yawe ya hapo hapo, ya rangi ile ile, yenye kuvu yake kavu ya kijani na chungwa mgongoni, kwa sababu kuvu hiyo ilichukua miaka mingi kuota na hutaipata dukani. Machache makubwa yanashinda mengi madogo. Kila jiwe lizikwe theluthi yake ardhini. Jiwe lililowekwa juu juu huonekana limedondoka kwenye lori, na kila mtoto atalipindua. Lililozikwa huonekana limezaliwa hapo, na udongo unaoligusa pande zote ndio unaobaki na unyevu. Tazama miamba ya mlimani: nyufa zake huelekea upande mmoja. Yako nayo yaelekee upande mmoja. Usiyapange duara kuzunguka mti kama mafiga. Yakae kama familia iliyoketi barazani, mkubwa mmoja, wawili watatu wamemwegemea, na mmoja amejitenga kidogo.

Panda kwanza, tandaza changarawe baadaye, kina cha vidole vinne hivi, ukiacha nafasi kidogo kwenye shina lisije likaoza. Wala usitandike nailoni chini. Mwaka wa kwanza nilishauriwa kuitandika ili kuzuia magugu, nikaifuata kwa moyo mmoja. Mvua ya Januari ilipopiga, maji yaliteleza juu ya nailoni yakaenda kwa jirani, na mishubiri yangu sita ikaoza mizizi kwa jasho la chini. Niliifumua yote kwa mikono. Magugu yanayoota kwenye changarawe hung'oka kwa vidole viwili asubuhi ya mvua, hayahitaji nailoni.

Na mimea? Mshubiri ndiye malkia wa bustani hii. Ipo ya kwetu inayotoa maua ya rangi ya moto katikati ya kiangazi, mwezi wa sita na wa saba, wakati hakuna kingine kinachochanua, na chozi huja kunyonya wakiwa wawili wawili. Nimekaa barazani na chai nikiwatazama, manyoya yao yakibadilika rangi kila wanapogeuza shingo kwenye jua. Ongeza mkonge pori, ule wenye majani yaliyosimama kama mapanga, ambao wazee walisokotea kamba. Ongeza mkonge wenyewe ukiwa na nafasi, ila mbali na njia ya watoto kwa sababu ya ncha zake. Mti wa kivuli uwe mkwaju au mgunga, na upandwe upande wa magharibi ya nyumba, kwa kuwa changarawe tupu isiyo na kivuli huota jua mchana na kulirudisha chumbani jioni. Mwenye umri mdogo na apande mbuyu, wajukuu watamshukuru.

Wauza miche siku hizi huleta waridi la jangwani, lenye kisiki kilichovimba na maua ya pinki, wakiliuza kwa bei kama kitu cha ng'ambo. Watu wa mkoa huu wameijua jamii yake tangu zamani: Wahadzabe, ambao baadhi yao wanaishi hapa hapa Mkalama, hupika utomvu wake kuwa sumu ya mishale, nao huuita panjube. Ni mmea mzuri na unafaa sana kwenye mawe. Mwenye watoto wadogo ajue tu amepanda nini, na asiukate kwa mikono mitupu akajifuta machoni. Mnyaa vivyo hivyo, maziwa yake ni adui wa jicho.

Mpungate uuogope. Unaota kirahisi, ndege wanabeba mbegu, na huko Laikipia nchini Kenya jamii za mmea huo zimeenea kwenye malisho hadi mifugo inachomwa midomo na miiba yake midogo. Tusiilete balaa hiyo kwa wafugaji wa Ikungi na Iramba kwa ajili ya pambo.

Utamwagilia, ndiyo, lakini msimu wa kwanza tu, mvua ikichelewa, dumu moja kwa mmea kwa wiki mbili. Baada ya hapo mizizi imeshuka, nawe umeachiwa ndoo yako. Na mbuzi wa jirani? Atanusa mshubiri mara moja tu.

Nyoka

Kila ninapolizungumza hili, mtu wa kwanza kusimama husema: mawe ni makazi ya nyoka. Silidharau neno hilo. Kufagia uwanja hadi uwe mweupe kulianza kwa sababu nzito, mama alitaka amwone nyoka kabla mtoto hajamkanyaga. Hofu hiyo ni ya haki.

Lakini nyoka anaingia wapi? Anaingia kwenye uwazi. Rundo la mawe lililotupwa ovyo nyuma ya choo, lenye mapango ndani, juu yake magunzi na makopo, humo panya wanazaa, na panya akiwapo nyoka amepata kwake. Jiwe lililozikwa theluthi na kushindiliwa udongo pande zote halina chumba. Kwa hiyo bustani ikae hatua kadhaa kutoka mlangoni, njia ya kwenda chooni ibaki pana na tupu, karibu na njia ipandwe mimea mifupi inayoonyesha ardhi, na takataka zisikae humo hata siku moja. Nyumba zilizopakana na majabali zimeishi hivi siku zote. Tena nauliza kwa upole: marundo ya kokoto, matofali na mbao yaliyobaki kwenye ujenzi, ambayo nusu ya mtaa wetu tunayo uani mwaka wa tatu huu, hayo hatuyaogopi?

Mama mwenye nyundo

Hoja iliyonipa shida zaidi si ya nyoka. Ni ya mama mmoja anayeponda kokoto kwenye njia ya kutokea mtaani kwetu. Huketi chini ya turubai alilolifunga kwenye miti miwili, miguu ameinyoosha, amekizungushia kijiwe pete ya mpira wa tairi ili kisiruke, nyundo inapanda na kushuka. Kidole chake cha shahada cha mkono wa kushoto hakina ukucha. Huuza kwa ndoo, na kwa ndoo hizo amesomesha watoto.

Nilimsimamia siku moja nikamwamkia.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Unataka ngapi?"

Nikamweleza ninavyofikiri, kwamba majabali yasichomwe. Alinisikiliza hadi mwisho, nyundo ameilaza pajani.

"Na mimi nile nini?" akaniuliza.

Nilirudi nyumbani na swali lake na nimekaa nalo muda mrefu. Jibu ninaloweza kumpa ni hili. Bandu bandu huisha gogo. Jabali linalochomwa leo halina mtoto, ameona mwenyewe anavyolazimika kununua mawe kutoka mbali zaidi kila mwaka. Sheria ya Madini ya 2010 huyahesabu mawe ya ujenzi na kokoto kuwa madini, na madini huchimbwa mahali palipotengwa, kwa leseni. Wanaoponda wangefaa kuwekwa kwenye vikundi na kupatiwa maeneo hayo, badala ya kula majabali ya viwanjani moja moja. Tena ninachopendekeza kinahitaji mkono wake. Bustani ya mita kumi kwa kumi iliyotandazwa changarawe hunywa ndoo nyingi, na si lazima iwe kokoto mpya. Makombo, zile chenga na vipande visivyo na umbo ambavyo fundi wa zege huvikataa, ndivyo vinavyofaa zaidi kati ya mimea. Leo anavitupa. Nilinunua ndoo arobaini za makombo yake kwa bei tuliyoelewana, na wawili wengine mtaani wamenifuata. Sidai kwamba hilo linatosha kumlisha. Nasema ni mwanzo ambao Manispaa, ikiamua kwamba kipilefti zake na viwanja vya ofisi zake viwe vya mawe na mishubiri, inaweza kuukuza mara mia.

Na afisa ardhi anapopima viwanja vipya, kuna ugumu gani kuandika kwenye ramani kwamba jabali hili libaki? Tunaandika mti wa mwembe, tunaandika kaburi. Jabali lililotangulia vyote hivyo halina hata alama ya kalamu.

Wiki iliyopita jirani yangu wa upande wa mashariki, mstaafu, mtu mwema ambaye watoto wangu humwita babu, aliweka alama ya chokaa kwenye jabali lililo kati ya viwanja vyetu. Ni kubwa, mgongo wake unaweza kuketi watu kumi na wawili, na kwenye ufa wake wa chini umeota mkuyu mchanga wenye majani manane. Nimeyahesabu. Jana jioni mkokoteni umeshusha magogo pembeni yake. Fundi amesema atawasha Jumatatu. Leo Jumamosi, jua likipoa, nitabeba mche mmoja wa mshubiri kwenye kopo, nivuke kwa babu, nimwombe tuketi juu ya jabali hilo kwanza, kisha tuinue pamoja lile jiwe dogo lililo chini yake aone udongo ulivyo.